Petali ya Saba

Kila aliyewahi kupewa karatasi ya serikali katika nchi ile analijua lile ua. Liko kwenye cheti cha kuzaliwa, liko kwenye hati ya nyumba, liko kwenye joho la hakimu, na liko juu ya mlango wa Baraza, limechongwa kubwa kiasi kwamba njiwa wamejenga ndani yake na hakuna mwenye ubavu wa kuwafukuza. Petali sita zimefunguka. Ya saba imelala juu ya moyo wa ua, upande wa kulia, kama mtu aliyeweka kiganja kifuani. Ndiyo maana watu wa pale hula kiapo kwa mkono wa kulia, na sheria ikishagongwa mhuri wa ua husemwa imechanua. Kabla ya hapo ni maneno tu, kama haya unayoyasoma.

Ila ua lenyewe, lenye uhai na utomvu, waliowahi kuliona unaweza kuwahesabu ukabakiwa na vidole. Linaota nyuma ya Baraza, katika chumba kisicho na paa, kwenye ufa wa ukuta wa jiwe jeusi. Hukaa tumba miaka kumi na miwili. Kisha asubuhi moja jua likigonga ukuta ule, linafunguka, na saa sita jua likiuacha ukuta, linajifunga na kunyauka. Basi, mpaka miaka mingine kumi na miwili.

Katika saa hizo chache wanaruhusiwa humo watu wawili tu, mchonga mhuri na mshika kibao wake, anayekishikilia kibao ambacho mti wa mhuri huchongewa juu yake. Mhuri wa zamani huwa umeshasagika, umelainika kama kisigino, ukiugonga unapata doa. Mpya huchongwa palepale, mbele ya ua, wala haunakiliwi kutoka kwa ule wa zamani. Kanuni ya kazi ni maneno mawili: chonga unachokiona. Na ya pili, ambayo haikuandikwa popote lakini ilishikwa zaidi ya zilizoandikwa, ni kwamba mwenye shoto hagusi mhuri. Ua limeweka mkono wa kulia kifuani, walisema, wewe wa kushoto unatafuta nini hapo?

Mchonga mhuri alikuwa Bi Patasi. Alishauchonga mara mbili, na sasa, akiwa na miaka sitini na saba, tumba lilikuwa limevimba kwa mara ya tatu. Tatizo lilikuwa moja, naye hakumwambia mtu. Hakuwa anaona.

Kipofu hakuwa, tusimvunjie heshima. Mwanga aliuona, na mtu akisimama mlangoni alijua mlango umejaa. Lakini mtoto wa jicho alikuwa ameingia macho yote mawili, taratibu, kama maziwa yanavyoenea kwenye chai. Nyumbani alitembea kwa kuhesabu hatua. Kazini alipapasa. Alijiambia, mikono hii imelichonga ua mara mbili, ya tatu itaishindwaje? Asipolichonga yeye, nchi itakaa miaka kumi na miwili bila mhuri. Mtoto atazaliwa asiandikwe, watu wataoana bila cheti, mfungwa ataachiwa kwa mdomo na kukamatwa tena kwa mdomo.

Mshika kibao wake alikuwa bintiye, ambaye mtaa mzima ulimwita Mashoto. Alikuwa na miaka arobaini na mbili, na aliuza miiko na vinyago vya watoto sokoni, vyote kazi ya mkono wake wa kushoto. Alipokuwa na miaka saba, babu yake, baba wa Bi Patasi, aliukuta mkono huo umeshika patasi karakanani. Akaufunga kwa kitambaa, akaufunga kila asubuhi kwa mwaka mzima. Mkono wa kulia haukujifunza kitu. Mwishowe babu akasema huyu hafai, na Bi Patasi, aliyekuwa akisugua mbao pembeni, hakusema neno.

Asubuhi ile walitoka nyumbani wawili, mama mbele, binti nyuma amebeba kibao, mfuko wa patasi na vipande viwili vya mti mweusi mgumu. Viwili tu, ndivyo kanuni inavyotaka, kimoja cha kazi na kimoja cha bahati mbaya. Bi Patasi akiwa na wasiwasi hutega vitendawili.

"Kitendawili."

"Tega."

"Namnoa awe mkali, naye anazidi kuwa mfupi."

"Patasi. Hicho ulinitega nina meno ya utoto."

"Basi tega chako, mjuaji."

Mashoto akafikiri kidogo. "Kuna mtu ametia chumvi kwenye chai yake siku tatu mfululizo, na akainywa yote bila kukunja uso."

Bi Patasi alihesabu hatua sita. "Huyo ulimi wake mbovu."

"Au ana kiburi."

"Umekosa cha kutega. Angalia mbele, kuna ngazi." Na Bi Patasi mwenyewe ndiye aliyejikwaa.

Nje ya mlango wa chumba alikuwa amekaa karani wa Baraza, na meza yake, daftari lake na kidau cha wino. Watu walimwita Nukta, kwa sababu aliwahi kurudisha cheti cha ndoa kisa kimekosa nukta mwishoni, maharusi wakasubiri wiki nzima, kila mmoja kwao. Alisimama kwa adabu.

"Shikamoo, Bi Mkubwa."

"Marahaba, mwanangu. Umeamkaje?"

"Nimeamka na wino wa kutosha." Akamtazama Mashoto, macho yakashuka mpaka kwenye mikono. "Huyu atashika kibao tu."

"Kwani ulidhani atashika nini, ndevu zako?"

Nukta akafungua mlango, akaufunga nyuma yao.

Ndani palikuwa na baridi ya jiwe na kigoda kimoja, kimewekwa mbele ya ukuta mahali pamoja tangu enzi na enzi, miguu yake imechimba vishimo sakafuni. Bi Patasi alikaa. Mashoto akapiga goti kando yake na kukiegemeza kibao. Wakangoja. Jua liliteremka ukutani, Bi Patasi akalisikia likimfikia kisogo, kisha shingo, kisha mgongo.

Halafu ikaja sauti.

Ilikuwa sauti kama ya kikongwe anayeinuka mkekani, kiungo baada ya kiungo. "Ni magoti yako hayo?" Mashoto alinong'ona, na Bi Patasi akamfinya anyamaze. Kiungo cha kwanza, cha pili, cha tatu. Njiwa wa juu ya kuta, ambao hawanyamazi hata hakimu akisoma hukumu, wote kimya. Ikaja harufu, na Bi Patasi ambaye alikuwa akiingoja miaka kumi na miwili akaivuta kwa nguvu, maana ile harufu si ya ua lolote la bustanini. Ni ya utosi wa mtoto mchanga. Kila aliyewahi kumbeba mtoto wake siku ya kwanza anaijua, na kila aliyeijua hudhani imeshapotea duniani.

Mwanga ulibadilika. Mbele ya macho yake yenye ukungu kulikuwa na kitu kikubwa kinachong'aa, kikubwa kuliko sinia la harusi, na hakikuwa cheupe wala cha manjano. Mara zote mbili za nyuma alijaribu kuitaja rangi ile akashindwa. Cha karibu alichowahi kusema ni kwamba ni rangi ya maji ukiyachota kwa kiganja na kuyatazama kabla hujayanywa.

Kando yake hakusikia pumzi.

"Pumua, mwanangu," alisema.

Mashoto akapumua, kama mtu aliyetoka chini ya maji. "Mama, mimi nimeliona hili kwenye karatasi tangu nazaliwa."

"Najua."

"Ni kama mtu niliyekuwa nasoma barua zake tu. Leo kaingia mwenyewe."

Bi Patasi alichukua kipande cha kwanza, akakipapasa kingo, akashika patasi na kuanza. Na mikono, hakika, ilijua. Petali ya kwanza ilitoka kwa mikato mitano, vumbi la mti likimdondokea magotini. Ya pili ikatoka. Alipofika ya tatu alikwishajawa na furaha, akisema moyoni, kumbe inawezekana, na ndipo patasi ilipotumbukia mahali palipokuwa pameshachongwa. Alisikia mti ukilia, mlio mfupi mkavu. Akapitisha kidole. Ufa ulikuwa umekata kipande kutoka ukingoni mpaka katikati.

Akakiweka chini taratibu. "Nipe kingine."

Mashoto hakukitoa.

"Saa inakwenda. Nipe kingine."

"Mama, unachonga nini?"

"Ninachokiona. Kazi gani nyingine imenileta hapa?"

"Na unaona nini?"

Swali lile Bi Patasi alikuwa amelikimbia miezi mingi, jikoni, barabarani, hata kwenye ibada. Sasa amekaa kwenye kigoda na hakuna pa kukimbilia. Mbele yake kitu kikubwa kuliko yeye kinang'aa, na ilikuwa vigumu kudanganya mbele yake. Si kwa kuogopa adhabu. Uongo wenyewe ulionekana mdogo, kama kwenda kwenye mazishi na kuzungumzia kucha zako.

"Mwanga," alisema. "Naona mwanga tu."

Mashoto akasema, bila ukali, "Chumvi ile uliyodhani sukari ilikuwa vijiko viwili."

"Niliihisi."

"Na ukanywa."

"Nikanywa." Akajifuta uso kwa upande wa mkono wenye vumbi. "Hebu niambie lilivyo. Taratibu. Labda nikisikia nitaweza."

Basi Mashoto akaanza kumwambia. Petali sita zimefunguka. Ya chini kabisa imejikunja ncha, kama ulimi wa ndama. Ya nne ina mishipa inayogawanyika kama mto unaoingia shambani. Bi Patasi akashtuka, maana mishipa ile yeye hakuwahi kuiona hata alipokuwa na macho. "Na ya saba," Mashoto akasema, "imelala juu ya moyo, upande wa kushoto."

"Kulia."

"Kushoto, Mama."

"Kwenye karatasi ni kulia."

"Sijui ya karatasi. Naliangalia hili. Kushoto, upande wa mkono wangu huu."

"Ndiyo, iko kushoto," Bi Patasi akasema kwa haraka, kama fundi anayemsahihisha mwanafunzi. "Unaichonga kushoto, ukigonga inatoka kulia. Mhuri unageuza, hilo hata mtoto wa..."

Hapo maneno yakamkatikia mdomoni.

Alikuwa akilijua jambo lile miaka yote, kama unavyojua kwamba kioo kinageuza, na unachana nywele zako kila asubuhi usiwaze. Alilichonga kushoto mara mbili. Baba yake alilichonga kushoto mara tatu. Waliliona, wakalichonga, wakatoka nje, na mlangoni wakakiacha kila walichokiona, wakaenda kuufunga mkono wa mtoto kwa kitambaa. Nchi nzima ilikuwa imeweka mkono wa kulia kifuani kwa heshima ya ua ambalo halikufanya hivyo hata siku moja.

"Kumbe," Bi Patasi akasema.

Joto la ua lilimpiga usoni. Akahisi kama mtu aliyeishi miaka nyumbani kwa mwenyeji wake akimwita kwa jina lisilo lake, na mwenyeji, kwa ukarimu, akaitika tu.

"Lete huo mkono."

"Upi?"

"Usinitanie. Lete."

Mashoto akaupeleka. Bi Patasi akaupapasa, sugu za kiganjani, kovu la kidole gumba, kifundo kilichowahi kubanwa na kitambaa. Akaweka patasi ndani yake na kuvifunga vidole. "Mkono huu niliutazama ukifungwa, nikanyamaza. Sina la kuongeza."

"Saa nne imepita, Mama. La kuongeza utaongeza nyumbani."

Wakabadilishana. Mama akapiga goti na kushika kibao, binti akakaa kigodani. Na hapo, kwa saa zilizobaki, Bi Patasi alilijua ua kuliko alivyolijua siku alizoliona. Alilijua kwa mtetemo wa kibao, kwa urefu wa kila mkato, kwa mahali mkono ulipokuwa unasita na kuangalia tena. Mkono ule ulikuwa unaangalia sana. Ulikuwa na njaa ya miaka thelathini na tano.

"Inapumua," Mashoto akasema ghafla, kwa sauti ya chini.

"Nini?"

"Ya saba. Inapanda na kushuka. Kuna mwanga chini yake."

"Huo usiuchonge. Hauchongeki. Hakuna aliyewahi kuinua petali hiyo, na anayeuliza kuna nini chini yake huambiwa akae kimya asikie." Wakakaa kimya wote wawili kidogo, na kwa kweli kulikuwa na kitu cha kusikia, kama mtu anayelala chumba cha pili. Bi Patasi akajikuta ameinamisha kichwa bila kuamua.

Jua lilikuwa limebaki upana wa kiganja ukutani Mashoto alipopuliza vumbi la mwisho. Bi Patasi alipitisha kidole juu ya mhuri, mara moja, na hakukiondoa haraka.

Mlango ukagongwa.

"Sikiliza," Bi Patasi akanong'ona. "Atauliza mkono gani. Mwambie kulia. Nani ameona?"

"Wewe umeniambia nichonge ninachokiona. Sasa niseme nisichokiona?"

"Ataukataa. Miaka kumi na miwili, mwanangu."

"Naijua hesabu, Mama."

Wakasogea mpaka mlangoni, wakaufungua, ua nyuma yao. Nukta alikuwa amesimama na kalamu, daftari wazi. Akamtazama mwenye mhuri mkononi, akamtazama mama mtu, kisha akauliza kama desturi inavyotaka, sauti yake ikiwa imekauka.

"Umeliona?"

"Nimeliona," akajibu Mashoto.

"Umeongeza kitu?"

"Sijaongeza."

"Umechonga kwa mkono gani?"

"Wa shoto."

Kalamu ikasimama hewani. "Rudia."

"Wa shoto, Karani."

"Bi Mkubwa," akasema Nukta taratibu, "unajua ninatakiwa kuandika nini hapa. Naandika neno moja na ule mhuri unakuwa kuni."

"Najua. Kabla hujaandika, ingia uone."

"Kanuni inasema watu wawili."

"Mimi natoka, wewe unaingia. Hesabu mwenyewe."

Akavuka kizingiti, akapapasa kiti cha karani na kukikalia. Nukta alibaki amesimama. Kwa mtu aliyerudisha cheti kwa ajili ya nukta, kukosa kosa kwenye hesabu ile kulimtesa. Mwishowe akaweka kalamu chini, akavua viatu bila kuambiwa, akaingia.

Bi Patasi alingoja. Alisikia ua likianza kujifunga, kiungo baada ya kiungo. Alimngoja Nukta aseme neno, maana hakuwahi kumjua akikaa kimya muda wa kumaliza kikombe cha chai. Kiungo cha nne, cha tano. Kisha hatua zake zikarudi, polepole, za mtu asiyeiamini sakafu.

"Iko kushoto," akasema.

"Iko kushoto."

"Labda..." Akakohoa. "Labda ni kulia kwake. Ukisimama mbele ya mtu, kushoto kwako ni kulia kwake."

"Sawa. Basi kwenye karatasi zako zote, kulia kwako ni kushoto kwake. Chagua, mwanangu. Ama ua lina shoto, ama mhuri una shoto. Mmoja wao lazima."

Nukta akainua mkono wa kulia, akautazama, akainua wa kushoto. Chavua ilikuwa imemkaa kwenye ndevu, na kila alipopumua ilimulika kidogo. "Nimeandika 'kulia' tangu kijana," akasema. "Na aliyenifundisha aliandika hivyohivyo."

"Na aliyenifundisha mimi alifunga mkono wa mtoto."

Alikaa chini kwenye kizingiti, mtu yule wa daftari, akalivuta daftari magotini. Walisikia kalamu ikikwaruza, ikasimama, ikakwaruza tena. Akasoma alichokiandika kwa sauti, ili kusiwe na utata: "Umechongwa kwa kuliona. Mkono, wa shoto." Akaweka nukta. Kisha akamgeuzia Mashoto daftari pamoja na kidau.

"Gonga hapo. Bila mhuri hayo ni maneno tu."

Mashoto alichovya, akaweka mhuri juu ya karatasi na kuukandamiza kwa mkono wake, kwa uzito wa bega lote. Alipouinua, nyuma yao kiungo cha mwisho kilifunga, na njiwa wakaanza tena juu ya kuta.

Bi Patasi aliinama mpaka pua ikakaribia kugusa wino mbichi. Kwake karatasi ilikuwa ukungu juu ya ukungu.

"Petali imetokea upande gani?" akauliza.

"Kulia, Mama," Mashoto akasema. "Kama siku zote."